CAIRO YA MOYONI NA CAIRO YA MACHONI

Wazee wetu wamesema kusikia si kuona, na kwa mambo mengi ya dunia wamesema kweli. Lakini iko miji ambayo kusikiwa kwake kuna nguvu kuliko kuonekana kwake. Mtu huisikia utotoni, akaijenga kifuani mwake nyumba kwa nyumba, akaitia vichochoro, misikiti na masoko. Na hata akijaaliwa kufika na kuiona kwa macho yake, ile aliyoijenga haibomoki. Kwetu sisi watu wa pwani, mji mmoja wa namna hiyo ni Cairo.

Nimekusudia kuuzungumza mji huo leo, wala si kwa habari za siasa zake wala za biashara zake, bali kwa namna ulivyokaa katika nyoyo za watu wa kalamu na watu wa nyimbo. Maana nimesoma wengi walioukumbuka, na kila mmoja nimemkuta na Cairo yake, haifanani na ya mwenziwe. Huyu kaukumbuka kwa wingi wa watu, yule kwa elimu, wa tatu kwa harufu, wa nne kwa uchochoro mmoja alioondoka akiwa mtoto. Na nyuma ya wote hao tuko sisi, ambao aghlabu yetu hatujatia mguu huko, na bado tunao mji huo katika udi na fidla zetu.

Labda msomaji atauliza: faida yake nini kuyapekua haya? Faida iko, na nitaieleza. Mtu akijua jinsi mji wa mbali unavyoingia moyoni, atajua pia kwa nini mji wake mwenyewe wakati mwingine unamtoka.

ALIYEHESABU VYOMBO VYA MTONI

Tuanze na msafiri ambaye jina lake latajwa sana hapa petu, Ibn Battuta wa Tangier. Aliiacha nchi yake mwaka 1325 akiwa kijana wa miaka ishirini na kidogo, na mwaka uliofuata, 1326, akaingia Cairo. Katika kitabu chake ameusifu mji ule kwa maneno mengi. Asema aliambiwa kwamba wako wachukuzi wa maji kwa ngamia 12,000, na wakodishaji wa nyumbu na punda 30,000, na kwamba katika mto Nile vimo vyombo 36,000 vya Sultani na vya raia, vyapanda na kushuka vimejaa kheri za kila aina.

Sasa tuangalie jambo moja. Maneno haya hakuyaandika siku ile aliyosimama ukingoni mwa mto. Aliyasimulia huko Fez, baada ya kurudi kwao, na mwandishi Ibn Juzayy akayatia katika karatasi. Kitabu kikamalizika mwaka 1355. Yaani yule aliyekuwa akiisema Cairo alikuwa mtu mzima wa miaka hamsini na ushei, aliyekwisha kuona India na visiwa vya Maldives, na aliyepita tena Cairo ile ile mwaka 1348 wakati tauni ilipokuwa ikiwamaliza watu wake. Juu ya yote hayo, mji alioutanguliza katika masimulizi yake ni ule wa ujanani, wenye vyombo 36,000. Hakuuficha ule wa tauni, ameutaja; lakini hakuuacha ukaufuta ule wa kwanza.

Nasi tuna fungu letu katika kitabu hicho. Mwaka 1331 alishuka pwani hii, akapita Mombasa akielekea Kilwa. Mombasa alilala usiku mmoja tu. Ametaja kwamba watu wake chakula chao kikubwa ni ndizi na samaki, kwamba ni watu wa dini na wema, na kwamba misikiti yao ni ya mbao iliyojengwa kwa ustadi. Kisha akatweka. Cairo imepata kurasa, Mombasa imepata mistari. Simlaumu, kwani usiku mmoja hautoshi kuujua mji. Lakini tuiweke akiba habari hii, tutaihitaji mbele.

ALIYEULIZA KABLA YA KUFIKA

Wa pili ni Ibn Khaldun, mwanachuoni wa Tunis, aliyezaliwa mwaka 1332. Huyu habari yake ni ya ajabu zaidi, kwa sababu alikuwa na Cairo moyoni miaka mingi kabla ya kuiona. Katika kitabu alichoandika juu ya maisha yake mwenyewe ameeleza kwamba alikuwa akiwauliza watu waliorudi kutoka huko, mahujaji na wafanyabiashara na wanavyuoni, kila mmoja amweleze alichokiona. Kati ya waliojibu yuko kadhi mmoja wa Maghrib, ambaye jibu lake kwa ufupi ni hili: ada ya mwanadamu ni kukiwazia kitu kikubwa kuliko kilivyo, kwani mawazo ni mapana kuliko macho, ila Cairo, asema, hiyo yashinda kila kinachowaziwa.

Mtu aliyetiwa maneno kama hayo sikioni hufika mji akiwa tayari mwenyeji wake. Ibn Khaldun alishuka Alexandria mwishoni mwa mwaka 1382, na mwanzoni mwa 1383 akaingia Cairo. Alisomesha Al-Azhar, na mwaka 1384 akapewa ukadhi mkuu wa madhehebu ya Maliki. Cheo amepata, wanafunzi amepata, na mji ule ameusifu kama bustani ya ulimwengu.

Lakini mwaka ule ule wa 1384 chombo kilichowachukua ahali zake kutoka Tunis kilizama karibu na Alexandria. Ahali na mali vikaenda na maji. Tangu siku hiyo, mji uliokuwa mwisho wa matamanio yake ukawa pia mji uliomgharimu watu wake, kwani wale walikuwa njiani kumfuata yeye. Hakuondoka. Aliishi huko, akitolewa ukadhini na kurudishwa mara kadhaa, hata alipofariki mwaka 1406 na kuzikwa katika makaburi ya masufi nje ya Bab al-Nasr.

Mimi nikimsoma mtu huyu huona kwamba mji wa mawazoni una deni. Mtu hulipewa akiwa mbali, bila ya kutoa kitu, kisha akafika na kuanza kulilipa.

ALIYEUSIKIA MJI KWA SHAVU

Wa tatu ni mtu wa karne iliyopita, Taha Hussein. Kwa Wamisri yeye si mgeni, lakini kwa Cairo alikuwa mgeni kabisa, maana alizaliwa kijijini upande wa Misri ya juu mwaka 1889, na macho yalimpotea angali mtoto mdogo wa miaka kama mitatu. Mwaka 1902 alipelekwa Cairo kusoma Al-Azhar. Baadaye akaandika kitabu chake mashuhuri, Al-Ayyam, yaani Siku, ambacho ndani yake hajiiti «mimi», bali hujisimulia kama mtu amsimuliaye kijana mwingine.

Msomaji akifika sehemu ya pili ya kitabu hicho atakuta Cairo isiyofanana na ya mtu yeyote. Hamna kuba, hamna minara, hamna rangi ya mto wakati wa magharibi. Kuna njia moja tu, kutoka chumba alichokaa na nduguye mkubwa mpaka msikitini, na njia hiyo yote imepimwa kwa mashavu, pua na masikio. Hapa upepo wa moto wampiga upande mmoja wa uso. Hapa moshi mwembamba wamchezea puani. Hapa asikia maji yakibubujika, na ilimchukua muda kuuliza na kujua kwamba ni kiko cha maji kinachovutwa na mfanyabiashara mkahawani. Zulia, mawe, ngazi, kugeuka kushoto au kulia, ndiyo ramani yake.

Hii ndiyo Cairo niliyoiamini kuliko zote. Aliyeandika hakuwa na nafasi ya kukopa sifa za wenziwe. Wenye macho tunaweza kuandika «mji wenye minara elfu» hata bila ya kuinua kichwa, kwa sababu tumekwisha kuisoma mahali. Kipofu hawezi kuandika ila kile kilichomgusa. Na ajabu ya mambo, kijana huyu alipokwenda Ufaransa na kusoma Paris, tasnifu yake aliifanya juu ya fikra za Ibn Khaldun. Mgeni mmoja wa Cairo akamtafuta mgeni mwenziwe kwa kupitia mji wa tatu.

MTOTO WA UCHOCHORONI NA MTOTO WA SHULE YA KIINGEREZA

Naguib Mahfouz alizaliwa Cairo yenyewe, mtaa wa Gamaliyya, mwaka 1911. Angali mtoto, wazazi wake walihamia mtaa mpya wa Abbasiyya. Si safari ya kutaja, ni mji ule ule. Hata hivyo mtu huyu maisha yake yote aliandika kama aliyetolewa nchini mwake. Vitabu vyake vitatu vikubwa, vilivyotoka mwaka 1956 na 1957, kila kimoja amekiita kwa jina la njia au mtaa wa Cairo ya kale. Alipopewa tuzo ya Nobel mwaka 1988 hakwenda Stockholm, aliwatuma binti zake. Hakuwa mtu wa safari. Alikuwa na mkahawa wake, matembezi yake ya asubuhi, na ule uchochoro wa utotoni ambao kila mwaka ulizidi kuwa mbali naye, ingawa angeweza kuufikia kwa miguu.

Hapa pana funzo. Mji huwa wa kigeni kwa masafa, na huwa wa kigeni kwa miaka pia. Mzee wa Kibokoni anayesimama leo mbele ya nyumba aliyozaliwa, akakuta imekuwa duka la simu, ni msafiri vilevile, hata kama hajavuka kivuko cha Likoni.

Karibu na Mahfouz, lakini upande mwingine wa mto, alilelewa mtoto mwingine, Edward Said. Yeye alizaliwa Jerusalem mwaka 1935, Mpalestina, na wazazi wake walikuwa na biashara Cairo. Alisomeshwa katika shule za Kiingereza, na katika mojawapo kusema Kiarabu lilikuwa ni kosa la kuadhibiwa. Mwaka 1951 akapelekwa Marekani. Alipoambiwa ana maradhi ya saratani ya damu ndipo alipokaa kuiandika Cairo yake, na kitabu kikatoka mwaka 1999, miaka minne kabla ya kufa kwake.

Ameeleza Said kwamba akiwa mtoto alipelekwa kumsikiliza Umm Kulthum. Msomaji, keti vizuri. Mtoto huyu kapata kitu ambacho watu wengi wa pwani hii wangelitoa mali kukipata: kumwona bibi yule kwa macho yake, katika mji wake, usiku wa wimbo wake. Naye asema alichoka! Wimbo ulianza usiku umekwenda, ukavuta mpaka saa za usiku wa manane, na yeye akauona wa huzuni moja isiyokwisha. Ukubwani ndipo alipojifunza kuupenda muziki ule.

Nilipoisoma habari hii nilicheka, kisha nikanyamaza. Huyu alikuwa ukumbini akachoka. Sisi tulikuwa maelfu ya maili mbali, na sauti ikija ikipotea katika mawimbi, nasi tukalia machozi.

CAIRO YETU

Basi tuje kwetu. Cairo ya watu wa pwani imetujia kwa milango minne, na hakuna hata mmoja ulio wa kusafiri.

Mlango wa kwanza ni chuoni. Mtoto wa Kiislamu wa pwani huisikia Misri kabla hajaujua mji wowote wa dunia ila Makka na Madina. Aisikia katika kisa cha Nabii Yusuf, alivyouzwa, akafungwa, akatoka kuwa mwenye ghala za nchi, kisha akawapokea wazazi wake kwa amani. Aisikia katika kisa cha Nabii Musa na Firauni. Nilipokuwa chuoni, ubao mapajani, sikutofautisha baina ya Misri hiyo na Cairo ya redioni. Nilimwona Yusuf akipita katika njia zenye taa za umeme.

Mlango wa pili ni kitabu. Tazama vitabu vya fikihi na nahau walivyosomeshea masheikh wetu kizazi kwa kizazi: vingi chini ya jalada vimeandikwa kuwa vimepigwa chapa Misri, na jina la al-Halabi limeonekana katika darsa zetu kama jina la jirani. Harufu ya karatasi ile ya manjano, kwangu mimi, ndiyo harufu ya kwanza ya Cairo.

Mlango wa tatu ni taarabu. Yasimuliwa kwamba Sayyid Barghash, aliyetawala Unguja tangu mwaka 1870 mpaka 1888, alipendezwa na muziki wa Kimisri, akamtuma Mohamed bin Ibrahim kwenda huko kujifunza kupiga ganuni. Mwaka 1905 ikaundwa Ikhwani Safaa. Tangu hapo ganuni, udi, nai na fidla zikawa na kwao pwani hii. Wapigaji wengi wao hawakuwahi kuuona mto Nile, lakini vidole vyao vilijua njia zake.

Mlango wa nne ni redio. Mwaka 1954 Cairo ilianza kutangaza kwa Kiswahili. Wazee walionilea wamenihadithia jinsi watu walivyokusanyika barazani na mikahawani, redio moja kwa watu thalathini, wakisikia lugha yao wenyewe ikitoka mji wa mbali na kuwaambia kwamba ukoloni una mwisho. Serikali ya wakati ule haikupendezwa, na kwa sababu hiyo hiyo watu walizidi kusikiliza. Mimi nilizaliwa baadaye. Yangu ni redio ya ami yangu, mwishoni mwa miaka ya sabini, usiku wa Alhamisi, na sauti ya Umm Kulthum. Bibi yule alikuwa amekwisha kufariki, tangu Februari 1975, na watu wazima wote barazani walilijua hilo. Ami yangu alikuwa akisema, «Sikilizeni, sasa ataurudia,» kana kwamba yuko hai na aweza kuamua asiurudie.

Nilikwenda Cairo mara moja, mwaka 2008, siku nne. Nilipita Khan al-Khalili mpaka Bab Zuwayla kwa miguu. Nilimwona muuza maji ya susi akigonga visahani vyake vya shaba ili watu wajue yuko. Nilisikia adhana ya magharibi ikianza msikiti huu na kupokewa na ule, mpaka ikawa huwezi kusema inatoka wapi. Niliona njiwa wa kufugwa wakizunguka juu ya mapaa. Niliona pia vumbi, na magari yasiyokwisha, na kijana muuza mikoba ambaye nilipomtajia Umm Kulthum aliniambia kwamba hizo ni nyimbo za nyanya yake. Niliporudi niliandika ubeti huu:

*Mji nalousikiya, kwa mawimbi ya hewani,*
*Utotoni kanijiya, ukakaa mtimani,*
*Nalipofika kungiya, si ule wa fikirani,*
*Na miwili 'merejeya, wa moyo na wa matoni.*

Watu wameniuliza ni upi ninaoupenda zaidi katika miwili hiyo. Nawajibu kwamba wa matoni ni wa Wamisri, ni haki yao, mimi nilikuwa mgeni wa siku nne. Wa moyoni ni wangu, nao haukujengwa Misri. Umejengwa barazani kwa ami yangu, kwa maneno ya mwalimu wangu wa chuoni na kwa karatasi za manjano. Ukiufungua ndani utakuta Mombasa.

WALIOJUA KUUTUMIA MJI WA MBALI

Ndiyo maana nikasema kwamba kuyapekua haya kuna faida. Mji wa mbali ukikaa moyoni waweza kumfanyia mtu moja ya mambo mawili. Waweza kumfanya audharau mji wake, akawa kila akiimba aiga, na kila akisifu asifu kwa watu. Au waweza kumpa kipimo na ala, akarudi akaufanyia kazi mji wake.

Siti binti Saad, aliyezaliwa Fumba mwaka 1880 na kufariki mwaka 1950, alikuta taarabu ya Unguja ikiimbwa kwa Kiarabu katika majumba ya wakubwa. Alikijua Kiarabu cha nyimbo, na ala zilizompigia ni zile zile za Misri. Lakini mdomoni alitia Kiswahili, na katika Kiswahili akatia habari za Unguja, za watu wa Ng'ambo, za dhuluma na za mapenzi. Mwaka 1928 alikwenda Bombay kutia sauti yake katika sahani za santuri, na sahani zile zikarudi zikauzwa pwani yote. Watu wakaisikia Unguja ikitoka katika ala za Cairo kwa mashine za Bombay. Shaaban Robert hakukosea alipoona kwamba maisha ya bibi huyu yastahili kitabu.

Na Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui wa Mombasa, aliyezaliwa mwaka 1891 na kufariki mwaka 1947, alikuwa msomaji wa Al-Manar, gazeti la Cairo lililoanzishwa mwaka 1898. Angeweza kuridhika na kusoma na kusifu. Badala yake mwaka 1930 alitoa Sahifa, na mwaka 1932 akatoa Al-Islah, akiandika kwa watu wa Mombasa habari za Mombasa: elimu ya watoto wao, ada zao, mashamba yao yaliyokuwa yakiwatoka mkononi. Cairo ilimpa mfano, yeye akaupa mji wake gazeti.

Tukirudi Misri yenyewe, mji ule nao unabadilika. Mji mkuu mpya wa serikali unajengwa jangwani upande wa mashariki, kazi iliyotangazwa mwaka 2015. Barabara kubwa zimepitishwa katika makaburi ya kale. Mwaka 2022 zilienea habari kwamba kaburi la Taha Hussein lingeondolewa kupisha barabara, na jamaa zake wakasimama kulipinga jambo hilo. Lakini hata barabara ikipita wapi, ile njia ya kijana kipofu kutoka chumbani mpaka Al-Azhar haiwezi kuvunjwa tena, maana imeandikwa. Na uchochoro wa Mahfouz kadhalika.

Je, yetu imeandikwa? Nilisema tuiweke akiba habari ya usiku mmoja wa Ibn Battuta. Mgeni wa usiku mmoja alituandikia mistari michache, naye ametimiza wajibu wake. Swali ni la wenyeji wa miaka mia saba. Muyaka bin Haji, aliyefariki mwaka 1840, aliisema Mvita yake, vita vyake, bei za sokoni, maneno ya watu wake. Na hata tungo zake zimetufikia kwa sababu Mwalimu Sikujua alizikusanya kwa watu waliozihifadhi, zikaja kupigwa chapa mwaka 1940. Lau hakuketi kuuliza, leo tungekuwa na jina bila ya ubeti.

Mji wa Kale wa Mombasa unaondoka mlango kwa mlango. Wale waliokusanyika kuisikiliza redio ya mwaka 1954 ni wachache mno waliobaki, na kila Ijumaa tunasikia jina la mmoja wao likisomewa. Ukiwa na babu au nyanya aliye hai, ketini naye baada ya alasiri. Usimwulize habari kubwa kubwa za historia, hizo zimo vitabuni. Mwulize alipotoka nyumbani kwenda chuoni alipita wapi, upande gani palikuwa na moto wa mchoma mikate, wapi palinuka asumini, wapi palisikika seremala, redio ilikuwa kwa nani na ilikaa juu ya nini. Andika kama anavyosema, usimpambie.

Vijana wetu nao wanasafiri zaidi kuliko sisi, wengine wako Cairo hivi sasa wakisoma. Wao nawausia waandike Cairo iliyowagusa, wasirudie sifa walizozikuta. Wakirudi Mvita, Lamu na Malindi, wazitazame kwa macho yale yale ya mgeni aliyeuliza kabla ya kufika. Cairo imepata wa kuikumbuka, wenyeji na wageni. Miji yetu inayo haki hiyo hiyo juu yetu.